Dengu Chini ya Bendera Nyekundu

9 Oktoba

Mto umeshuka, nami nimeamua kuandika. Atakayesoma ajue anasoma maneno ya nani: Jhapsi Sahni, mvushaji wa Kivuko cha Kachnar, dereva wa lori wa zamani, mtu aliyefika Dimapur, Amritsar na Bombay akarudi na meno yote isipokuwa manne. Shule niliishia darasa la sita, lakini la sita la enzi zetu lilikuwa na uzito. Vijana wa leo wanamaliza la kumi na hawajui kusoma kibao cha basi. Mguu wangu wa kushoto ulivunjwa na lori langu mwenyewe, nadhani kwa wivu, maana nilikuwa nalisifu lori jingine. Tangu hapo nina mashua. Watu wa ng'ambo zote mbili wanapanda kwangu, wanagombana kwangu, wanachumbiana kwangu. Mtu kama huyo asipoandikwa, aandikwe nani?

Habari kubwa ya leo: ardhi imezuka. Miaka iliyopita mto wetu, Gandak, ulimega mashamba ya ng'ambo ya kusini, ukayameza pamoja na kisima cha akina Ramsakal Rai. Leo umeyatapika upande wetu wa kaskazini, tope jeusi linang'aa kama mgongo wa nyati. Mto huu ni mwizi wa ajabu: huiba kwa mwenye nacho, kisha husahau mzigo mlangoni kwa asiye nacho.

11 Oktoba

Tetri hakungoja. Tetri ni mjane wa rafiki yangu Ganauri, aliyenifundisha kushika kasia. Namwita shemeji, na kwetu shemeji hutaniwa mpaka akutupie kitu. Asubuhi yeye na mwanawe Bilat walikuwa juu ya tope, wamelaza mbao wasizame, wanarusha mbegu za dengu kwa mkono. Hapa kwetu ardhi iliyotoka majini ni ya mkono uliotangulia kuirushia mbegu. Hakuna aliyeiandika sheria hiyo. Ambaye angeiandika angezama.

Nikamwita kutoka kwenye mashua: "Shemeji! Ukizama nani atanipikia?"

"Nikizama nitauvuta mguu wako ule mzima, twende wote!"

"Uache huo, ndio ninaoutegemea nipate mke."

"Mke? Kwa sura hiyo? Hata lori lilikukataa!"

Bilat alicheka hadi akakalia tope. Ni kijana mpole, msemaji mchache kama baba yake. Ana mama yake na kishamba cha ukubwa wa mkeka. Tangu Ganauri afe wanalima vya watu na kugawana mavuno. Tope hili likiwa lao, watakula chao. Lisipokuwa lao, Bilat atapanda gari-moshi kwenda Punjab kuwavunia watu ngano, kama wengine, na mama atabaki na ukuta wa kuongea nao.

20 Oktoba

Ramsakal Rai kavuka. Masharubu meupe, sauti ya mtu aliyezoea kuitikiwa. Plau alizipakia kwangu, maksai wakaogelea nyuma, na mpwa wake Birju kasimama mbele ya mashua kama jenerali kwenye sarafu. Walilima juu ya dengu za Tetri zilizoanza kuchipua, wakamwaga mbegu zao, dengu vilevile.

Nikamwambia, "Mzee, pale mbegu zimeshaingia."

"Zimeingia kwenye ardhi ya baba yangu."

"Lakini ardhi imekuja kwetu kwa miguu yake yenyewe."

"Ng'ombe wako akikata kamba akalala kwa jirani, Jhapsi, kukicha anakuwa wa jirani?"

Nikashika kasia nikarudi zangu. Mnyang'anyi. Ana ghala mbili na bado anamtolea macho mjane.

22 Oktoba

Fimbo. Bilat kapasuliwa kichwa, Birju kavunjwa kidole. Polisi wamekuja, wamekunywa chai ya pande zote mbili, wakamwandikia hakimu kwamba amani iko hatarini. Ili iwe hatarini ilitakiwa kwanza iwepo.

23 Oktoba

Manyunyu. Mguu unauma.

3 Novemba

Leo nimekuwa mtu mkubwa.

Tuliitwa mjini, kwa hakimu. Nilitarajia mzee mwenye tumbo, kumbe ni kijana, kavaa sweta ambalo bila shaka kafumiwa na mama yake, na mafua yanamwandama. Nikasema moyoni, huyu atatutunzia amani na kamasi zinamshinda?

Wakili wa Rai, bwana Tripurari, mtu mwembamba mwenye sauti ya tarumbeta, alitandaza ramani za tangu enzi za babu yake Rai. Hakimu akazisogeza pembeni kwa kidole kimoja.

"Ardhi ni ya nani, mimi siulizi," akasema. "Hilo ni la mahakama ya madai, wajukuu zenu watapata jibu. Kazi yangu ni watu wasiuane. Nauliza moja tu: siku ugomvi ulipozuka, na miezi miwili kabla yake, nani alikuwa anaikalia kwa kweli? Awe na haki, asiwe na haki."

Mawakili wakapandishiana sauti. Mwisho nikaitwa mimi, kwa kuwa hakuna avukaye nisimwone.

"Shahidi, miezi miwili kabla ya ugomvi, nani alikuwa kwenye ardhi ile?"

"Samaki, Mheshimiwa."

Jamani! Walicheka mpaka askari wa mlangoni. Tripurari aliangusha kalamu. Hakimu mwenyewe alicheka, kicheko kikageuka chafya, chafya ikawa tatu. Tetri alijifunika uso kwa ushungi na mabega yakawa yanatetemeka. Nilitamani Ganauri awe hai anione.

Kisha Hakimu akajipangusa pua na uso wake ukawa mwingine. Akasema basi jibu halipo, na penye ardhi isiyo na jibu ndipo panapokufa watu. Shamba linashikiliwa na mahakama mpaka mahakama ya madai iseme. Hakuna mtu wa upande wowote atakayelikanyaga. Wote wakatia dole gumba kwenye hati ya kutunza amani. Na mtunza shamba, atakayelilinda, kulivuna na kuyahifadhi mavuno, awe nani?

Tetri akasema, "Jhapsi." Rai akasema, "Jhapsi. Hana upande, ana mdomo tu."

Mtunza Shamba wa Mahakama! Nilirudi nikipiga kasia kifua mbele. Babu yangu alikamatwa na mahakama. Mimi mahakama imenikabidhi mali.

5 Novemba

Mbiu imepigwa kivukoni, amri ikasomwa, mianzi minne yenye vitambaa vyekundu ikasimikwa kwenye pembe za shamba. Tetri alitazama toka mwanzo hadi mwisho.

"Zile dengu, zangu ni zipi na zake ni zipi?" akaniuliza.

"Shemeji, hata Mungu ukimuuliza atakuomba muda."

14 Novemba

Zimeota. Mbegu za watu wawili kwenye tope moja, zimesongamana kama nywele za mtoto.

19 Novemba

Ukungu. Nimevusha bibi harusi na mbuzi. Mbuzi ndiye aliyelia.

30 Novemba

Ukungu. Tetri alikuwa kwenye mwanzi wa mashariki, kasimama tu. Nimempa unga wangu wa dengu za kukaanga, nikasema umenizidi, utaharibika. Kasema, "Unga wa mwanamume asiye na mke haujawahi kuzidi." Lakini kauchukua.

7 Desemba

Leo akili yangu imefanya kazi ambayo ya serikali haiwezi.

Mdengu ukifika kiwiko unataka kuchumwa ncha. Usipochumwa unakimbilia juu, unajaa majani, punje hakuna. Ukichumwa unatanua matawi. Na zile ncha ndizo mboga ya baridi, kwa kitunguu saumu na pilipili mbichi, mtu unaweza kumsamehe aliyekuibia. Kwa hiyo tangu zama na zama majani ya dengu hayana mwenyewe. Mwanamke mwenye kikapu huingia shamba la yeyote, huchuma, hutoka. Hata adui hamfukuzi, maana anamfanyia kazi.

Tetri kaja na kikapu, kasimama nje ya bendera.

"Shemeji, amri inasema hakuna kukanyaga."

"Nimekuja kuvuna? Nimekuja na mundu? Kikapu cha mboga hiki. Kwani huyo hakimu wako hakulelewa na mwanamke?"

"Kalelewa, hata sweta kafumiwa."

"Basi anajua mboga."

Nikaitazama dengu, inapanda kama ina haraka ya kwenda Bombay. Nikiiacha, Machi nitaipelekea mahakama majani makavu. Nikasema: sawa, lakini haki iwe haki. Jumatatu wanawake wa kwako. Ijumaa wanawake wa kwa Rai. Mboga tu, kwa mkono tu, wanaume wasikanyage. Nikavuka kumwambia Rai. "Wanawake wangu wana mboga huku," akasema. Lakini mke wa mwanawe, Kaushilya, bibi harusi wa mwaka jana, alikuwa nyuma ya mlango, nikasikia bangili zikigongana kwa furaha. Rai akazisikia pia. Akasema, "Haya. Majani hayana mwenyewe."

11 Desemba

Ijumaa ya kwanza. Kaushilya kavuka na wifi yake. Kwao, anasema, palikuwa na shamba la dengu hadi upeo wa macho, na hapa hajaonja ncha tangu aolewe. Alichuma na kula mbichi palepale kama mbuzi.

25 Desemba

Baridi ya kupasua midomo. Tetri kaja Ijumaa, si siku yake, kasimama nje ya bendera na chumvi iliyotwangwa na pilipili kwenye jani. Kamnyooshea Kaushilya. "Usile hivyo hivyo, mwanangu, utaumwa tumbo." Wakakaa, mmoja ndani ya bendera mmoja nje, wakila toka jani moja. Hakimu ana mihuri na polisi. Mimi nina kikapu cha mboga, na tazama amani.

14 Januari

Sikukuu. Rai kaniletea mwenyewe mchele wa kupondwa na maziwa ya mgando. Mwaka mzima sijawahi kumwona akibeba kitu. Alikaa mashuani, kisha akaniomba ufito mrefu. Akawa anachoma choma kwenye tope la ukingoni, nje ya bendera, hatua kwa hatua, sikio kalielekeza chini. Ufito ukagonga.

Nikafukua kwa mkono. Tofali, lenye mviringo, la ukingo wa kisima.

"Nilifundishwa kutembea nimelishika hili," akasema. "Mama alikuwa akichota, mimi nazunguka."

"Lichukue, Mzee. Tofali tu."

"Lirudishe. Liko karibu mno na bendera. Watasema nimechukua kitu cha mahakama." Akapangusa mikono. "Nimetia dole gumba, Jhapsi."

Nimekaa nikimfikiria. Nilimwita mnyang'anyi. Mimi nikipoteza kasia moja sili siku nzima. Yeye kapotelewa na mahali alipojifunzia kutembea.

27 Januari

Nimetoka mjini. Mkono hautaki kuandika.

Kesi iliitwa. Tripurari akasimama na tarumbeta yake: "Mheshimiwa, wanawake wa mteja wangu wanachuma mazao ya shamba hili kila Ijumaa tangu Desemba, mchana, kwa ruhusa ya mtunzaji wa mahakama mwenyewe. Kama huko si kuikalia ardhi, ni nini?"

Wakili wa Tetri, ambaye miezi yote alikuwa akisinzia, akaruka kama aliyeng'atwa: "Wetu wanachuma Jumatatu, Mheshimiwa! Na wetu ndio walioanza!"

Nikapiga kelele bila kuitwa: "Mboga! Ni mboga tu! Majani ya dengu hayana mwenyewe!"

Hakimu akavua miwani. "Nani aliwaruhusu, Jhapsi?"

"Mimi, Mheshimiwa. Ni desturi. Na mmea unataka."

"Nakuamini." Alisema polepole, bila ukali, na hilo ndilo lililonichoma. "Lakini pande hizi mbili hazikuwa na kitu cha kushika. Sasa kila mmoja ana kikapu."

Kapiga marufuku yote: hata ncha moja, hata mwanamke, hata mtoto. Kasema atanifukuza kazi akipata mwingine. Hakupata, kila aliyetajwa alikohoa akatazama nje.

Uwanjani nilimvaa Rai. "Mzee, wewe? Na tofali lako?"

"Birju kamwambia wakili. Wakili kasema sheria ni hivyo." Hakunitazama. "Ana maneno yule. Ukiyasikiliza unaona una haki zaidi ya uliyokuja nayo."

Safari ya kurudi, Tetri upande huu wa mashua, watu wa Rai upande ule. Sikufanya mzaha hata mmoja.

1 Februari

Jumatatu. Tetri kaja na wanawake saba, vikapu vipya.

"Shemeji, imekatazwa. Ulikuwepo."

"Sheria ya yule wakili nimeisikia vizuri. Anayechuma ndiye mwenye shamba."

"Maua yameshatoka! Majani yamekomaa, hayaliki. Ukichuma sasa unaua punje."

"Sichumi ya kula," akasema.

Wakanipita. Nilisimama na mguu wangu mmoja na nusu nikiwaona wakinyofoa matawi yenye maua ya zambarau, wanatupa kikapuni kama takataka. Bilat alikuwa nje ya bendera na fimbo. Niliitafuta sura ya yule mtoto aliyekalia tope akicheka, sikuipata.

5 Februari

Ijumaa. Kina Rai, wanawake kumi, wanaume na fimbo nyuma yao. Kaushilya alichuma huku kainamisha uso. Maua.

6 Februari

Nimekwenda kwa Hakimu. Yuko safarini kikazi. Karani kasema niandike maombi. Nikaandika. Kasema niandike tena, mwandiko wangu unafanana na nyayo za kuku aliyekimbia.

10 Februari

Hakimu kaja mwenyewe! Kavuka kwenye mashua yangu na viatu vya mvua, kashika kingo kwa mikono miwili, uso umempauka. Kazunguka shamba lote. Kaita pande zote, kawasomea: atakayeingia atawekwa ndani kabla hajampiga mtu. Kamtaja Birju kwa jina, kamtaja Bilat kwa jina. Kawaacha askari wawili.

Wakati wa kumrudisha nilimwambia, "Mheshimiwa, wafunge wote wawili leo, uwatoe baada ya mavuno."

"Naweza kumfunga mtu kwa kosa ambalo hajalifanya," akasema. "Uwezo huo ninao. Kila nikiutumia nalala vibaya." Akapiga chafya. "Tuone wiki hii."

Nilimcheka huyu kijana kwa sweta lake. Simcheki tena.

16 Februari

Askari wameitwa kwenda kulinda maonyesho ya ng'ombe. Watarudi Jumamosi, wamesema.

19 Februari

Ijumaa. Nitaandika yote, kisha sijui.

Ukungu uliondoka mapema, jua zuri, la kuanikia nguo. Birju kavuka na mashua ya kukodi toka kivuko cha chini ili asipite kwangu. Rai hakuwemo. Wanaume sita, na Kaushilya peke yake, kikapu mkononi, analia bila sauti. Nilipofika walikuwa wameshaingia.

"Birju, huyu ni mke wa kaka yako. Umemleta kama fimbo?"

"Kaa na mdomo wako, mvushaji. Wewe ndiye uliyesema wanawake ndio waingie."

Ni kweli niliyasema.

Tetri akaja mbio na Bilat na watu wa kwetu. Tetri na Kaushilya wakasimama wakitazamana katikati ya zile dengu zilizonyofolewa. Tetri akasema, kwa sauti ya chini, "Rudi nyumbani, mwanangu." Kaushilya akasema, "Hawataniacha nirudi na kikapu kitupu, mama." Alimwita mama. Kila mtu alisikia.

Basi Tetri akafanya nini? Akainama, akachuma tawi, akalitia kwenye kikapu cha Kaushilya. Akachuma jingine. Amjazie ili yule binti aende zake. Nilielewa. Naapa Kaushilya alielewa. Lakini Bilat alikuwa mbali, alichoona ni mama yake ameinama akimtumikia mkwe wa Rai kwenye shamba lao wenyewe. Akaja akakinyakua kikapu, akakitupa.

Kumnyang'anya mke wa mtu kikapu mkononi, mbele ya wanaume wa kwao! Kwetu hilo hata mlevi halifanyi. Birju alikuwa na mundu. Alipiga mara moja, shingoni, hakuwa hata na uso wa hasira, alikuwa na uso wa mtu aliyeitwa ghafla.

Niling'oa mwanzi wa bendera nikawapiga nao, yeyote, sijui nani. Wakakimbia. Kaushilya hakukimbia, alikandamiza shingo ya Bilat kwa ushungi wake. Tukambeba hadi mashuani. Na ni nani aliyekuwa anakuja majini, kiunoni, anapiga kelele? Rai, mzee mzima, kaogelea toka ng'ambo na nguo zake. Kavua kilemba akakifunga juu ya ushungi. Kashika kasia la pili. Tulipiga makasia sote wawili, yeye analia "Haraka, Jhapsi, haraka, mwanangu," sijui ni mimi aliyeniita mwanawe au ni Bilat.

Tetri alikuwa kampakata kichwa. Anamwimbia kile cha kumlazia mtoto. Kabla ya kivuko cha hospitali aliacha kuimba, tukajua.

20 Februari

Tumemchoma ukingoni, karibu na shamba, maana ndipo maji yalipo. Mwanamke kwetu haendi kwenye kuni za maiti. Tetri alikwenda. Hakuna aliyethubutu kumzuia.

Birju kakamatwa. Rai kakamatwa pia, kwa kuwa ni Rai. Nimewaambia polisi alikuja akiogelea. Wameandika "alikuwepo."

23 Februari

Hakimu kaja. Kasimama penye majivu, viatu vya mvua mkononi.

3 Machi

Sikukuu ya rangi. Hakuna aliyepaka mtu rangi, ng'ambo hii wala ile.

22 Machi

Nimevuna. Hakuna mtu wa hapa aliyetaka kibarua hicho. Nimefanya na vibarua wapita njia wasiojua. Shamba lililoota kama nywele za mtoto limetoa magunia manne, punje nyembamba, nyingi ganda tupu. Karani kayapiga muhuri wa mahakama. Yako nyumbani kwangu chini ya kitanda. Nyumba nzima inanuka dengu na sina ruhusa ya kula hata moja.

9 Aprili

Rai kaachiwa kwa dhamana. Kapanda mashuani. Kaushilya karudishwa kwao. Wanasema kaleta mkosi. Nilimvusha mimi. Nilimwambia neno la kuchekesha, nimelisahau, hakulisikia.

17 Aprili, 8 Mei, 29 Mei

Kesi ya shamba imeahirishwa.

12 Juni

Mvua za kwanza. Nimempelekea Tetri unga. Alikuwa anaongea na ukuta. Kaukubali unga bila kunitukana, nikatoka nje haraka.

28 Juni

Gandak umepanda. Ulianza na pembe ya mashariki. Jioni mwanzi mmoja ulipita mbele ya mashua na kitambaa chake, wekundu wake umefifia ukawa kama wa nguo ya mtoto.

6 Julai

Shamba halipo. Kesi ipo.

Tuliitwa leo, tukaenda. Rai alikuja na fimbo ya kutembelea. Tetri kavaa nguo nyeupe ileile ya ujane. Hakimu kapata barua ya uhamisho, anataka kufunga mafaili yake. Amekonda, mafua yamemwacha na kuna kitu kingine kimemshika. Tripurari alianza tarumbeta yake, Rai akamshika mkono wa koti akamkalisha.

Hakimu akafungua faili. Ndipo akasema kanuni inamtaka aulize kabla hajaikabidhi kesi mbele, kwa hiyo anauliza. "Kwa sasa, nani anaikalia ardhi yenye ugomvi?"

Macho yote yakaja kwangu, kwa mazoea. Neno lilikuwa mdomoni. Nilifunga mdomo nikalimeza kama mfupa.

Tetri akasimama. Hakuna aliyemwita. Akaondoa ushungi usoni.

"Samaki, Mheshimiwa."

Hakuna aliyecheka. Feni ilikuwa inalia juu. Askari wa mlangoni alitazama viatu vyake. Hakimu alishika kalamu, akaandika neno hilo, nililiona, akaliacha bila nukta.

Kisha karani akauliza kuhusu mavuno. Mavuno, ikaamriwa, yabaki kwa mtunzaji mpaka mahakama ya madai itakaposema.

Kwa hiyo yako hapa. Wadudu wameshaingia, magunia yote manne. Nikilala nawasikia chini yangu, wanatafuna polepole, ya Tetri na ya Rai bila kubagua, na hawajatia dole gumba popote.